Kazi Inayolala: Mwongozo Kamili wa Kuelewa na Kushinda Ajizi

Nina kibanda cha kuchapa na kutoa kopi hapa Busia, upande wa Uganda, karibu na barabara wanapopanga foleni madereva wa malori. Kompyuta mbili, printa moja, na benchi la mbao kwa wanaosubiri. Kila tarehe 31 Desemba benchi hilo hujaa kabla jua halijachomoza. Ni siku ya mwisho ya kuwasilisha ritani ya kodi ya mapato kwa wale ambao mwaka wao wa hesabu huisha tarehe 30 Juni. Sheria huwapa miezi 6. Wanaokuja kwangu siku hiyo huwa wamebakiwa na saa chache.

Zamani niliwahesabu kuwa wazembe. Nilibadilika siku mzee mmoja muuza mahindi alipoweka mfuko wa karatasi mezani pangu akasema, "Mwanangu, hizi nimelala nazo chini ya mto tangu Julai. Nikizigusa tu moyo unaenda mbio, maana najua kuna miezi sikuandika kitu." Nikamtazama. Huyu ndiye mtu anayefungua duka saa kumi na mbili asubuhi na kupakia magunia mwenyewe. Mvivu halali na karatasi zake miezi mitano akizifikiria. Tatizo lake lilikuwa hofu, na hakuna aliyewahi kumwambia hivyo.

Wazee walisema ajizi ni nyumba ya njaa. Ni kweli, lakini methali hiyo inaeleza mwisho wa safari tu. Haielezi kwa nini mtu mwenye akili timamu na bidii anaingia humo kwa miguu yake mwenyewe. Mwaka 2013 wanasaikolojia wawili waliokuwa Kanada wakati huo, Fuschia Sirois na Timothy Pychyl, waliandika kwamba ajizi, yaani kuahirisha kazi, ni njia ya kutuliza hisia za sasa kwa gharama ya mtu utakayekuwa kesho. Kazi inaleta hisia mbaya. Unaisogeza. Papo hapo unapata nafuu, kifua kinafunguka, na nafuu hiyo ndiyo inayokulipa. Akili hurudia kile kinacholipa. Kesho kazi ni ileile, ila sasa imebebeshwa aibu ya jana, kwa hiyo inauma zaidi na kuikwepa kunalipa zaidi.

Ukishaelewa hapo utaona kwa nini ratiba nzuri, daftari jipya na saa ya kengele havikukusaidia. Vyote vinashughulika na muda, na muda ulikuwepo. Ndiyo maana mwongozo huu unaanza na hisia, halafu ndiyo unafika kwenye saa.

Kabla hujaanza, jiridhishe kwamba ni ajizi

Mkulima asiyepanda Februari hana ajizi. Anasubiri mvua za Machi. Lakini mvua zikianza kunyesha na mbegu bado ziko dukani, hiyo sasa ni ajizi. Kipimo ni kimoja: je, kuna kitu halisi unachokisubiri, na kikifika umejiandaa kukipokea? Kama huwezi kukitaja kwa jina, husubiri.

Pia kuna uchovu wa kweli. Mama anayeamka saa kumi usiku kukaanga chapati na kulala saa tano usiku hahitaji mbinu, anahitaji usingizi na mtu wa kumsaidia. Usijipige kwa fimbo isiyokuhusu.

Na kuna ugonjwa. Kama kwa wiki mbili au zaidi huna hamu hata ya vitu ulivyovipenda, usingizi umeharibika, chakula hakipiti, na kila kitu ni kizito, si barua moja tu, nenda kituo cha afya umweleze mhudumu. Anaweza kukupa rufaa mpaka hospitali ya mkoa, na Butabika kule Kampala ndiyo hospitali ya taifa ya magonjwa ya akili. Watu huona haya kuitaja Butabika. Mimi naitaja kwa sauti kwenye kibanda changu, maana nimeona vijana wakiitwa wavivu na familia zao kumbe ni wagonjwa. Wengine wana tatizo la umakini tangu utotoni, na hilo nalo lina matibabu yake.

Hatua ya 1: Zitaje kazi zinazolala

Chukua karatasi moja. Andika kila kitu ulichosema "nitafanya" na bado hujafanya. Usipange, usiandike kwa uzuri. Watu wengi hufikisha kati ya vitu kumi na ishirini, kisha wananyamaza, halafu kinakuja kimoja zaidi ambacho hawakutaka kukiandika. Mara nyingi hicho cha mwisho ndicho chenyewe. Kizungushie duara. Wiki hii utashughulika na hicho tu.

Hatua ya 2: Uliza kazi hiyo inakuuma wapi

Hapa usiharakishe. Keti na ile kazi uliyozungushia duara, fikiria kwamba unaianza sasa hivi, ujisikilize mwilini. Tumbo? Kifua? Miayo? Halafu tafuta jina la hisia hiyo. Kwa miaka niliyokaa nyuma ya ile meza nimekutana hasa na hisia tano.

Utata ni wa kawaida kuliko zote, na watu huuchanganya na uvivu. Hujui pa kuanzia, basi huanzi. Dalili yake ni kwamba ukiulizwa "hatua ya kwanza ni ipi?" unajibu kwa kueleza kazi nzima. Dawa yake ni swali moja kwa mtu aliyewahi kuifanya. Kina dada wanaotaka kusajili biashara zao hukaa mwaka mzima wakiogopa, kisha maelezo ya dakika kumi yanawafungua.

Hofu ya kuhukumiwa hukaa kwenye kazi ambazo mtu mwingine atazitazama: tasnifu, barua ya maombi, hesabu za kikundi. Nina mteja mwalimu wa shule ya msingi. Tangu Baraza la Mawaziri lilipopitisha Julai 2022 kwamba Kiswahili kiwe somo la lazima shuleni, alikuwa akisema atajifunza vizuri ili aweze kufundisha. Kitabu alinunua. Hakukifungua, maana aliwaogopa watoto waliokulia mpakani, wanaozungumza Kiswahili kumzidi. Dawa ya hofu hii ni kukubali kufanya vibaya kwanza, mahali ambapo hakuna anayekuona. Nilimwambia, "Mwalimu, njoo hapa jioni tukiwa wawili, ukosee mpaka uchoke." Alianza siku hiyohiyo.

Uchoshi ni rahisi zaidi. Kazi haina ladha, basi. Kupanga risiti, kujaza rejista. Usitafute kuipenda. Iambatanishe na kitu kizuri, redio au chai ya maziwa, na uifanye kwa vipande vifupi.

Hasira nayo hujificha. Umepewa kazi ambayo unaona si haki yako kuifanya: kaka zako wako Kampala na wewe ndiye unayeachiwa kila shughuli ya ukoo. Hapo kuahirisha ni mgomo wa kimya. Hakuna mbinu ya muda itakayokusaidia mpaka umwambie mhusika, kwa heshima lakini waziwazi, "Kaka, hili siliwezi peke yangu."

Ya tano ni huzuni, na hii naieleza kwa habari yangu mwenyewe. Baba alipofariki aliacha sanduku la bati lenye karatasi za shamba. Mimi ndiye ninayejua kusoma nyaraka, kwa hiyo sanduku likaletwa kwangu. Lilikaa juu ya kabati miaka mitatu. Nilikuwa najaza fomu za mirathi za watu wengine kila wiki, na la baba yangu silishiki. Nilijiambia nina kazi nyingi. Katika muda huo miti ya mpaka ikang'olewa upande wa chini wa shamba na kupandwa upya ndani zaidi, na kesi ya mpaka iliyofuata ilitugharimu ng'ombe wawili na amani na majirani. Siku nilipofungua sanduku hatimaye, juu kabisa kulikuwa na miwani yake. Nililia saa nzima. Karatasi zenyewe zilinichukua dakika arobaini kuzipanga. Kwa hiyo nilichokuwa nikikimbia miaka mitatu kilikuwa ile saa moja ya kulia, na ningeijua mapema ningemwomba dada yangu tuketi pamoja, tulie kwanza, kisha tufanye kazi.

Kama kazi yako inayolala inamhusu mtu uliyempoteza, usiifungue peke yako.

Hatua ya 3: Ikate mpaka mkono uweze kuishika

"Kushughulikia mirathi" si kitu ambacho mkono unaweza kukifanya. Mkono unaweza kufungua sanduku. Unaweza kutenga cheti cha kifo. Unaweza kumpigia simu mwenyekiti wa LC1 (baraza la kijiji) kuuliza lini yupo nyumbani ili aandike barua. Baada ya hapo ndipo familia inakwenda ofisi ya Msimamizi Mkuu wa mirathi kutafuta cheti cha kutokuwa na pingamizi, na hatimaye mahakamani. Njia ni ndefu, lakini leo hushughuliki na mahakama. Leo unapiga simu moja.

Ukiandika hatua, ianze na kitenzi cha mwili: fungua, piga, chukua, peleka, andika tarehe juu ya karatasi. Ukiona umeandika "kufikiria", "kuandaa" au "kushughulikia", bado hujakata vya kutosha. Endelea mpaka hatua ionekane ndogo kiasi kwamba unaona haya kutoifanya. Kwa mwanafunzi wa chuo aliyekwama kwenye tasnifu, hatua yangu ya kwanza huwa hii: fungua faili, andika jina lako na jina la msimamizi wako, funga. Wengi hawafungi. Wakishaketi na faili liko wazi, wanaandika sentensi, kisha nyingine.

Hatua ya 4: Ifunge kwenye jambo linalotokea lenyewe

"Nitafanya kesho" ni ahadi isiyo na mahali pa kushikilia. Kesho ina saa nyingi. Mwanasaikolojia wa Ujerumani Peter Gollwitzer ndiye aliyechunguza sana dawa yake, na ni nyepesi kuliko watu wanavyotarajia. Mwaka 1997, yeye na Veronika Brandstätter walieleza jinsi walivyowaomba wanafunzi waandike ripoti fupi kuhusu mkesha wa Krismasi na kuirudisha ndani ya siku mbili. Baadhi waliombwa tu. Wengine waliombwa pia waseme ni saa ngapi na mahali gani hasa wataiandika. Katika kundi la kwanza, karibu theluthi moja walirudisha kwa wakati. Katika kundi la pili, zaidi ya theluthi mbili.

Kwa hiyo andika sentensi ya namna hii: "Ikifika au ikitokea A, nitafanya B, nikiwa C." Na A yako iwe jambo ambalo hutokea hata usipotaka. Hapa kwetu saa ya ukutani si nguzo nzuri sana. Umeme hukatika, taxi haiondoki mpaka ijae, mvua ikishuka kila kitu kinasimama. Tumia matukio badala ya saa. Nikishasikia adhana ya alfajiri. Nikishamfikisha mtoto shuleni. Nikishateremsha shata la duka. Mzee wangu wa mahindi sasa ana sentensi yake: "Nikishahesabu pesa za jioni, kabla sijasimama kwenye kiti, naandika mauzo ya leo kwenye daftari." Ni mistari miwili kila siku. Mwaka alioanza kufanya hivyo, alikuja kwangu Septemba.

Hatua ya 5: Dakika 25, simu ikiwa mbali

Mwitaliano Francesco Cirillo, akiwa mwanafunzi miaka ya mwisho ya 1980, alitumia saa ya jikoni yenye umbo la nyanya kujilazimisha kusoma kwa muda mfupi bila kuinuka. Baadaye utaratibu ukakaa hivi: dakika 25 za kazi, dakika 5 za kupumzika, na baada ya mizunguko minne, mapumziko marefu zaidi. Huhitaji nyanya wala programu. Kama 25 ni nyingi, anza na 10.

Kuhusu simu nina msimamo mkali. Usiizime tu na kuiweka kando, maana mkono unajua ilipo. Mpe mtu. Iache kwa jirani wa duka, au ifungie kabatini. Kama biashara yako inategemea malipo ya simu, tumia kile kisimu kidogo cha vitufe kwa ajili ya pesa, na ile kubwa yenye video ikae mbali. Video fupi ndiyo nafuu ya haraka kuliko zote zilizowahi kutengenezwa, na mtu mwenye kazi inayouma hawezi kushindana nayo ikiwa mkononi mwake.

Hatua ya 6: Hesabu siku ukirudi nyuma

Kwa kazi zenye siku ya mwisho, anza kwenye siku hiyo urudi ulipo. Na usiamini makadirio yako. Mwaka 1994 watafiti Roger Buehler, Dale Griffin na Michael Ross waliwauliza wanafunzi 37 nchini Kanada tasnifu zao zingekamilika baada ya muda gani. Kwa wastani walisema siku 34. Walipoambiwa wakadirie kama kila kitu kingeharibika, walisema siku 49 hivi. Ukweli ulikuwa zaidi ya siku 55. Hata hofu yao kubwa ilikuwa na matumaini kupita kiasi.

Kwa hiyo ukikadiria wiki mbili, panga nne. Chukua ile ritani ya kodi. Siku ya mwisho ni 31 Desemba, lakini Krismasi inakula wiki nzima, kwa hiyo siku yako halisi ni 15 Desemba. Mtu wa hesabu atataka wiki mbili: uko 1 Desemba. Kukusanya risiti na taarifa za benki kutakula mwezi. Umeshafika mwanzo wa Novemba, na hapo ndipo hatua ya kwanza inapopaswa kuanza. Andika tarehe hiyo ya Novemba kwenye kalenda kwa wino mwekundu, ile ya Desemba uisahau. Kodi ambayo haikulipwa kwa wakati hupandishiwa riba ya asilimia 2 kila mwezi, na hiyo riba haijui kwamba ulikuwa na wasiwasi.

Kipindi kirefu peke yake hakimsaidii mtu. Vitambulisho vya taifa vya kwanza, vilivyoanza kutolewa 2014, vilikuwa na uhai wa miaka 10, na tarehe ya mwisho imechapishwa kwenye kadi yenyewe. Bado wengi wetu tuliitazama tarehe hiyo siku ilipokuwa imekwisha kupita.

Hatua ya 7: Kufuli tatu

Nenda kijiji chochote cha Uganda utakuta kikundi cha akiba chenye sanduku la chuma. Lina kufuli tatu, na funguo ziko kwa watu watatu tofauti. Mwanamke ambaye peke yake asingeweza kutunza shilingi 5,000 kwa wiki, hapo anaweka mwaka mzima na mwisho wa mzunguko ananunua mbuzi au analipa karo. Siku ya mkutano inajulikana, jina lake linaitwa, wenzake wanamtazama, na sanduku halifunguki kwa tamaa ya usiku mmoja. Hatujampa moyo mpya. Tumebadilisha mazingira yake.

Fanya hivyo kwa kazi yako. Ufunguo wa kwanza mpe mtu: mwambie utafanya nini na lini, na umwombe akuulize siku hiyo. Mchague anayeuliza bila kutukana. Ufunguo wa pili uwe mahali: nenda pale ambapo kazi hiyo peke yake ndiyo inayofanyika, maktaba, msikiti au kanisa mchana kukiwa kimya, benchi la kibanda changu. Wa tatu uwe kitu utakachopoteza, lakini kiwe kidogo. Wanafunzi wawili hapa waliwekeana shilingi 10,000 kila mmoja kwa rafiki wa tatu. Asiyeleta sura ya kwanza Ijumaa, pesa yake inawanunulia wengine rolex, zile chapati za kukunja na mayai. Wote wawili walileta.

Ukianguka

Utaanguka. Swali ni unajisemesha nini usiku huo. Mwaka 2010 Michael Wohl, Timothy Pychyl na Shannon Bennett waliandika kuhusu wanafunzi 119 wa mwaka wa kwanza walioahirisha kujisomea kabla ya mtihani. Wale waliojisamehe walipunguza kuahirisha kuelekea mtihani uliofuata. Inaingia akilini ukikumbuka tulikoanzia: ajizi inalishwa na hisia mbaya, na kujitukana ni kuiongezea chakula. Kujisamehe si kujidanganya kwamba hakuna kilichoharibika. Taja uliloahirisha, taja lililokugharimu, kisha taja hatua ya kesho yenye kitenzi cha mwili. Mimi husema kwa sauti, peke yangu dukani. Dakika moja inatosha.

Jumapili jioni

Mara moja kwa wiki toa ile karatasi ya hatua ya 1. Futa zilizokwisha, zungushia duara nyingine. Na kazi iliyokaa wiki nne bila kuguswa, hata baada ya kuikata na kuifunga, iamulie: mpe mtu mwingine, au ifute na umwambie aliyekuwa akiisubiri. Kazi nyingine hatukuwahi kuzitaka, tulizikubali kwa kuona haya kukataa. Mwaka jana nilifuta ahadi ya kuchapa historia ya ukoo wa jirani yangu, niliyokuwa nayo tangu miaka miwili nyuma. Nilimwendea nyumbani, nikamwambia, "Mzee, hili nimeshindwa, nisamehe, daftari lako hili hapa." Akalipokea kwa mikono miwili. Mjukuu wake aliye sekondari ameshachapa kurasa thelathini, na mimi ndiye ninayemtolea kopi.